Doña Nelda Tuyub na Kisanduku cha Barafu

Miaka thelathini na mitatu na miezi miwili. Huo ndio muda ambao Doña Nelda Tuyub Caamal ameitumikia kampuni yetu ya Safari za Njia Nyeupe, na Ijumaa hii, tarehe 28 Machi 2025, atashuka kwenye basi kwa mara ya mwisho akiwa mwongoza wageni. Hiyo miezi miwili aliidai mwenyewe. Ofisi iliandika miaka thelathini na mitatu tu. Akaja na barua yake ya ajira ya Januari 1992, akaiweka mezani kwa meneja, akangoja mpaka iliposomwa kwa sauti. Makaratasi ya ofisi hajawahi kuyaamini.

Nimekuwa dereva wake kwa miaka ishirini na moja, na ofisi imeniomba niandike haya kwa ajili ya jarida la wafanyakazi. Waliniambia niandike mambo ya kuchekesha. Yapo.

Safari yetu mnaijua: Mérida asubuhi, Izamal yenye kuta za manjano, magofu ya Ek Balam, kuogelea kwenye senote, lile shimo la mwamba lenye maji, katika kijiji cha Chan Xkulul, chakula Valladolid, kisha nyumbani. Pale Izamal wageni hupenda kupiga picha za nyumba ya watawa. Doña Nelda huwaacha wapige, halafu huwaita karibu na ukuta na kuwaonyesha mahali ambapo plasta imebanduka. "Msidanganyike na rangi," huwaambia. "Haya mawe yalitolewa kwenye piramidi ya wazee wetu. Yamepakwa manjano tu." Nimeona watu wazima wakigusa lile jiwe na kurudisha mkono haraka, kana kwamba wameshika mali ya mtu.

Hamwamini mtu wala kitu. Ngazi za kushukia kwenye senote huzitikisa mwenyewe kila siku, na Don Tacho Noh, mlinzi wa maji yale, husimama pembeni akinung'unika: "Nimezikagua asubuhi, Doña." Yeye hujibu: "Vizuri. Sasa nakukagua wewe." Maboya huyaminya moja moja. Supu ya ndimu huinusa kabla wageni hawajawekewa. Watu huwahesabu mara mbili, kwanza kwa Kihispania na kisha kwa Kimaya, eti lugha moja inaweza kumficha mtu. Tulimcheka. Lakini katika miaka yote hiyo hakuna mgeni wake hata mmoja aliyezama, aliyepotea magofuni, wala aliyeachwa nyuma. Amewafundisha kazi waongozaji kumi na moja, wengi wao wakitoka vijiji vya huku kwetu, na wote sasa wanatikisa ngazi.

Jambo kubwa la maisha yake kazini lilitokea mwaka 2009. Nyote mnalijua, au mnadhani mnalijua. Nitalisimulia tena.

Mwaka huo, mwezi wa Oktoba, alikuja mgeni mmoja akijiita Profesa Anselmo Larrañaga. Alikuwa mtu mzuri wa kuzungumza naye. Aliisifu kahawa yetu, aliwauliza wasichana wa ofisini majina ya mama zao, na alisema anaandika kitabu cha mambo ya kale ambamo kampuni yetu itatajwa. Alipanda safari yetu Jumanne. Akapanda tena Jumanne iliyofuata. Don Humberto, aliyekuwa meneja wakati ule, alifurahi sana.

Doña Nelda hakufurahi. Tukiwa tumeegesha pale Ek Balam, alisimama mlangoni mwa basi akimtazama yule bwana kwa mbali.

"Feliciano, wewe ungepanda safari hii mara mbili?"

"Mimi naipanda kila siku."

"Wewe unalipwa. Yule profesa wa mambo ya kale amekaa kivulini, hajapanda hata ngazi moja. Hana kamera. Kwenye senote ndiyo anachangamka."

"Labda anapenda kuogelea, Doña."

"Anamuuliza Tacho kuhusu kina. Anamuuliza wazee walikuwa wakishukia upande gani. Kuogelea gani huko?"

Nilicheka. Nilimwambia kwamba kwake yeye hata padri ni mwizi mpaka misa iishe. Hakucheka.

Jumanne ya tatu profesa alikuja tena. Kwenye senote alikuwa wa kwanza kuingia majini na wa mwisho kutoka, akiwa na mfuko mdogo mweusi kiunoni. Alipopanda juu alikwenda kwanza kwenye basi, akasema anahitaji kujichoma sindano yake ya kisukari. Kisha akarudi kuoga maji ya bomba. Hapo ndipo Doña Nelda alipoziona kucha zake. Zilikuwa na tope jeupe, laini kama unga. Kwenye senote ile tope la namna hiyo liko mahali pamoja tu, ndani kabisa ya ufa wa upande wa mashariki, ambako wazee wa Chan Xkulul walishusha vyungu na wafu wao zamani, na ambako wenyeji hawamwonyeshi mtu.

Alimzuia mbele ya wageni wote. "Profesa, nifungulie mfuko wako, tafadhali."

Yule bwana alitabasamu, akafungua. Ndani mlikuwa na viatu vya majini na mafuta ya kujipaka juani. Basi.

Doña Nelda akanigeukia mimi. "Feliciano. Alipokuja kwenye basi, ameacha kitu?"

"Hapana," nikasema. "Hakuna kitu."

Profesa aliandika barua ya malalamiko, ya adabu sana, akisema kwamba hakuwahi kudhalilishwa namna ile katika nchi yake mwenyewe. Don Humberto alimsimamisha Doña Nelda kazi kwa wiki mbili na kutishia kumnyang'anya kitambulisho cha uongozaji. Siku alipokuja kurudisha filimbi yake na orodha za wageni, ofisi nzima ilitazama sakafu. Alinipita bila salamu. Baadaye niliambiwa kwamba alimuuliza Don Humberto swali moja tu: "Ukinitoa mimi, nani atamtazama yule?"

Jumanne ya nne profesa alipanda tena. Mwongoza wageni alikuwa kijana mmoja wa Mérida aliyeletwa kuziba pengo, mwenye heshima zake, asiyetikisa chochote.

Tulifika Valladolid saa nane mchana. Wageni waliingia mkahawani ng'ambo ya uwanja. Mimi nilibaki kwenye basi na kuona maji yakitiririka chini ya kiti changu. Yalitoka kwenye kabati la dereva, kwenye kisanduku cha barafu.

Sasa ngojeni niseme ambalo hamlijui. Kile kisanduku kilikuwa cha profesa. Alinikabidhi kila safari, tangu ile ya kwanza. Aliniambia dawa yake ya kisukari huharibika kwa joto, akaniomba nikitunze karibu nami, na kila baada ya kuogelea alikuja kukifungua mwenyewe; jioni tukifika Mérida aliondoka nacho. Sheria ya kampuni inakataza dereva kuweka mzigo wa mgeni kwenye kabati lake. Niliona ni jambo dogo, na niliona aibu kulitaja. Kwa hiyo Doña Nelda aliponiuliza mbele ya watu, nilisema hakuna kitu. Kitu kilikuwepo.

Sikukifungua kwa sababu nilimshuku mtu. Nilikifungua niongeze barafu.

Hapakuwa na dawa. Palikuwa na kitambaa kilicholowa, chenye harufu ya senote, na ndani yake chungu kidogo chenye vishikio viwili, kimejaa tope jeupe. Kwenye lile tope palikuwa na meno. Meno ya mtu, madogo.

Nilifikiri kukitupa kile kisanduku. Nilifikiri kukifunga na kukaa kimya, maana nani angeamini kwamba dereva alikuwa nacho safari nne bila kujua? Kisha nikakikumbatia na kukimbia nacho mpaka mtaa wa Candelaria, nyumbani kwa Doña Nelda.

Alikuwa barazani akimenya mbegu za maboga. Aliangalia kisanduku, akaniangalia mimi.

"Kiko kwako tangu lini?"

"Tangu Jumanne ya kwanza."

"Nilikuuliza."

"Ndiyo, Doña. Nilidanganya."

Alifunua kitambaa, akaona meno. Alinong'ona kitu kwa Kimaya, polepole, kama mtu anayeomba radhi kwa kuingia chumbani bila kubisha hodi. Akafunika. Nilidhani atanipiga kofi na ningelipokea.

"Anakula wapi?"

"Mkahawani, uwanjani."

"Anakula nini?"

Swali lile sikulielewa. Ila nilikuwa nimemwona kupitia dirisha. "Flani," nikasema. "Ile tamu ya maziwa na sukari ya kuunguza. Ya pili."

Doña Nelda alinitazama kwa huruma kidogo. "Mgonjwa wa kisukari," akasema. "Flani mbili. Na wewe macho unayo."

Alimpigia simu Don Tacho, kisha akawapigia watu wa idara ya mambo ya kale na polisi. Alivaa viatu vyake vya kazi, akaenda mkahawani, akavuta kiti na kuketi mbele ya profesa. "Habari za sukari, Profesa?" akauliza. Wageni walioshuhudia wanasema bwana yule aliweka kijiko chini taratibu sana. Alijaribu kuinuka. Mhudumu mmoja na mpishi, wote wawili watu wa Chan Xkulul, tayari walikuwa wamesimama mlangoni. Walikaa hivyo dakika arobaini, na Doña Nelda hakumwondolea macho hata alipoletewa kahawa.

Hakuwa profesa wa chochote. Alifikishwa mahakamani na akafungwa. Lakini Don Tacho alipopiga mbizi kwenye ule ufa alikuta alama tatu za mviringo kwenye tope, mahali palipokuwa na vyungu vitatu vingine. Hivyo havijarudi mpaka leo, na kila kimoja kilipita chini ya kiti changu. Chungu kilichookolewa kilichukuliwa na kuwekwa kwenye ghala ya serikali huko Mérida. Kila mwezi wa Februari Doña Nelda huenda pale, husaini daftari la mlangoni, na kuomba aonyeshwe. Wamemwambia kwa heshima kwamba kipo salama. Yeye husema anataka kukiona.

Ofisini mliambiwa nini? Mliambiwa kwamba dereva Feliciano Couoh aliingiwa na shaka siku hiyohiyo alipoona mgeni akificha kitu basini, akafungua na kutoa taarifa. Hivyo ndivyo Doña Nelda alivyomweleza Don Humberto na polisi, bila kupepesa jicho, nami nimesimama kando nikitazama ncha za viatu vyangu. Alirudishwa kazini wiki hiyo. Tulipewa vyeti vya sifa, yeye na mimi. Changu kimetundikwa sebuleni kwangu kwa zaidi ya miaka kumi na tano, na wanangu wamekua wakikisoma.

Mwaka jana tukisubiri wageni Izamal, nilipata moyo wa kumuuliza kwa nini alinifichia siri ile.

"Ningesema, wangekufukuza," alijibu huku akihesabu tiketi. "Wangeniletea dereva mwingine, nisiyemjua kabisa. Wewe angalau najua unavyodanganya. Masikio yanakuwa mekundu."

Kwa hiyo naandika haya kwenye jarida letu, kwa jina langu, kabla hajashuka kwenye basi. Cheti changu nimekiacha kwenye meza ya meneja leo asubuhi. Kampuni iamue itakavyoona inafaa. Kila neno la sifa lililoandikwa humo ni la Doña Nelda, na lilikuwa lake tangu mwanzo.

Doña Nelda, tunakushukuru kwa kila ngazi uliyoitikisa na kila kichwa ulichokihesabu mara mbili. Pumzika Candelaria na mbegu zako za maboga, na afya njema ikukalie karibu. Tunakutakia maisha mema, na tunajua hutatuamini mpaka uyaone.

Feliciano Couoh Dzib, dereva