Kanda ya Kipindi cha Mwisho

Kwenye basi, dada aliyekaa mbele yangu alikuwa amepakata kanda ya video kama nilivyompakata mwanangu. Mzee wa pembeni yake, fundi televisheni, aliichungulia akaguna. "Imeota ukungu, binti yangu. Hii itazunguka mara moja tu, kisha basi."

"Mara moja inatosha, baba. Wale wanaohifadhi katuni za zamani za Kijapani mtandaoni wananisubiri. Wanavyo vipindi vyote kasoro hiki cha mwisho. Kituo cha televisheni kilichokirusha kilishafuta kanda zake."

"Na ikikatikia mashineni?"

Dada alisugua lebo kwa kidole. Mimi nikajifanya namfunga mtoto viatu, masikio yote yako mbele.

"Yule paka anayetokea kwenye kipindi hiki tu, sauti yake ya Kiswahili ni ya marehemu mama yangu. Sina nyingine."

"Basi iache! Angalau utajua ipo."

"Ipo wapi, baba, kama haisikiki? Mwanangu anamjua bibi yake kwa picha tu."

"Ikiharibika usije kunililia."

"Nitaanzia kwako, fundi." Alicheka. Viatu vya mtoto nikavisahau, utadhani kanda ni yangu.

Mzee akashusha sauti. "Kwani huyo paka alisema nini mwishoni?"

"Sijui. Siku kipindi kilipoonyeshwa nilisinzia kabla hakijaisha."

Basi likasimama. Dada akashuka, kanda kaikumbatia kifuani. Mzee hakuguna tena. Alifungua dirisha, akampigia kelele: "Waambie waisafishe kwanza! Taratibu!"