Ukuta Uliosogea Usikie

Benchi la mbele ya kibanda cha chai cha Gambo, pale mtaani Unguwar Makera, liko karibu na shule ya msingi kiasi cha kusikia watoto wakiimba hesabu. Hapo Lawwali huziba pancha, na wenzake wawili huziba mapengo ya serikali kwa mdomo. Mmoja ni Alkali, hakimu wa benchi, aliyepata cheo kwa kuwa shahidi katika kesi ya mbuzi. Mwingine ni Redio, asiyezimika. Asubuhi hiyo walikuwa wametoka kwa wakili kuuliza habari za ukuta wa darasa la nne, ulioinama tangu mvua za mwaka jana. Zulai, binti wa Lawwali, huketi chini ya ukuta huo. Na sasa upande wa mashariki wingu jekundu la vumbi la dhoruba lilikuwa linapanda, na Lawwali alilitazama hilo zaidi kuliko tairi alilolishika.

— Enhe, wakili kasemaje? Gambo aliuliza, akimimina chai.

— Katiba inasema serikali itatoa elimu itakapowezekana, Alkali alijibu. Kisha inaizuia mahakama kuuliza itawezekana lini.

— Kwa hiyo hatushtaki?

— Kwa ukuta kuinama tu, hapana. Ukianguka ukamuumiza mtu, hapo pana kesi. Tena kesi nzuri.

Wakili naye aliyasema hayo kwa upole uleule.

— Mimi leo naenda kuuegemezea magogo, Lawwali alisema.

— Thubutu, Malam Lawwali, Redio akamkata. Jengo la serikali lile. Likianguka watasema wewe ndiye uliyelisukuma.

— Basi twende wote, tukapige kelele kwa mkuu wa elimu.

— Watuandike majina? Redio aliuliza. Nasikia wana ndege haina rubani, kazi yake kuhesabu kofia za walalamikaji. Unaniona nina kofia mimi?

— Wewe huna kofia kwa sababu uliiweka rehani hapa, Gambo alisema.

— Cheka tu. Na muongee polepole. Kuta zina masikio, na ule umeinama ili usikie vizuri.

Hakuna aliyecheka sana. Redio mwenyewe aligeuka kutazama shuleni.

— Tulieni, Alkali alisema. Wahenga walinena, usipoziba ufa utajenga ukuta. Maana yake tusizibe. Tukiuacha, tutapata ukuta mpya.

Upepo ulipita ukabeba mifuko ya mkate. Dereva wa lori la vitunguu, mgeni aliyekuwa akingoja tairi lake, aliweka kikombe chini.

— Samahani, ndugu zangu. Mahakama inangoja mtu aumie, na nyinyi mnaingoja mahakama. Anayeketi chini ya huo ukuta ni mtoto wa nani?

Alkali alitazama chai yake. Gambo alianza kufuta sinia lililokwisha kukauka. Wote walijua, na hakuna aliyethubutu kumtazama Lawwali.

Vumbi lilifika barabarani. Lawwali aliliacha tairi likabingirika lenyewe, akaondoka kwa mwendo wa haraka, kisha mbio. Mbele yake darasa la nne lilikuwa likiimba saba mara moja, saba mara mbili. Alikimbia akizisikiliza zile sauti, akiogopa zisije zikakatika.