Slam Haina "I" Mbele

Bwana asifiwe! Na asifiwe mara ya pili, ndugu zangu, kwa sababu leo mmenipa mikrofoni bila kuniwekea kwanza mikono kichwani.

Mimi ni Neema, mtoto wa Mama Neema wa kwaya. Kazi yangu ni slam: natunga mashairi, nayasema mbele ya watu, bila ngoma wala gitaa. Nimeyasema hapa Bunia, Mambasa, hadi Ariwara. Lakini siku nilipomwambia Mama, "Niko nafanya slam," yeye akasikia Islam! Kabla sijamaliza chai yangu, habari ilikuwa imefika kwa wamama wa maombi.

Ndugu zangu, mlinichosha! Miaka miwili mmefunga kwa ajili yangu. Nilipoeleza, mkasema pepo ni mjanja. Nilipoandika ubaoni S-L-A-M, mzee mmoja akasema nimeificha "I". Mkanitoa kwenye kwaya. Mama akaacha kula sahani moja nami, na hilo liliniuma kuliko yote. Kwa hasira nikaanza kutunga kwa Kifaransa kitupu, ili mama yangu asiambulie hata neno. Watu wakanipigia makofi. Nikirudi nyumbani, tulikuwa watu wawili tusiosemeshana.

Na Mungu akamtuma nani? Mama Zaina, jirani yetu Mwislamu! Mchana mmoja aliingia jikoni, akamkuta Mama akitwanga sombe, majani ya muhogo, nami niko pembeni, akamuuliza: "Mama Neema, mutoto yako alisilimu wapi? Siye ku musikiti hatuyamuona ata Ijumaa moya!"

Mchi ukasimama. Mama akanigeukia. "Sasa ile slam ni kitu gani?"

Nikaanza kwa Kifaransa. Mama akarudia kutwanga. Hapo, ndugu zangu, niliona aibu! Nikaanza upya kwa Kiswahili chake: habari ya mama aliyekimbia vita kwa barabara ya Iga Barrière, akaacha nguo zote nyumbani, akabeba mtoto mgongoni na kinu kichwani, kwa sababu mtoto hali nguo.

Mama akaketi chini. "Nani alikuambia ile?"

"Ni weye, Mama."

Akalia. Nikalia. Mama Zaina ndiye aliyemaliza kutwanga sombe, na siku ile tulikula sahani moja.

Mliomba nifunguliwe, na Mungu alinifungua kweli! Alinifungua hasira, akanirudishia ulimi wangu. Asanteni kwa kufunga. Lakini wewe mwenye mtoto mwenye neno usilolijua, tafadhali, muulize kwanza, ndipo uombe! Na umtegemee Bwana, maana yeye hachagui mlango wa kupitishia msaada.

Mama yuko pale mbele, mnamwona. Jana tulikuwa pamoja sokoni, naye akijisifu: "Mutoto yangu iko nafanya slam!" Muuza chumvi akamjibu, "Pole, mama, tutamuombea."

Ee Bwana, mpaka lini? Nikafungua kinywa nieleze tena. Mama akaniwahi, akamwambia muuza chumvi:

"Ombea kwanza masikio yako."

Amina!