Video ya Shemeji Haina Sauti

Benchi lililo mbele ya kibanda changu cha kushona viatu lina wenyewe: Fundi Cherehani, Mwalimu Mstaafu, na kinyozi tunayemwita Injinia kwa sababu hajawahi kusema hajui kitu. Jana Fundi alikuja na kompyuta ya bintiye kwapani, hata salamu hakutoa. Mkewe, shemeji yetu, alifariki mwaka juzi. Video zake zote zilikuwa kwenye kompyuta hiyo, na binti anaolewa Jumamosi. Anataka wageni wamsikie mama yake. Mwezi uliopita Injinia alijitolea kuzipanga. Nilimwambia aache, lakini nani anamsikiliza fundi viatu?

Fundi akaifungua. Video ya shemeji ilikuwa imebandikwa picha ya jitu lenye bastola, na chini yake jina la sinema ya vita.

— Hilo ni jina tu, — Injinia akasema. — Programu ya kupanga video imejitafutia jina na picha mtandaoni, ikakosea. Nitalibadilisha.

— Jina nimesamehe. Bonyeza.

Akabonyeza. Shemeji akatokea mlangoni kwake, anacheka, anaongea. Sauti hakuna.

Kahawa ikazunguka, na upuuzi nao ukazunguka. Injinia akasingizia spika, mara umeme wa mtaa, mara hali ya hewa. Mwalimu, ambaye hata redio yake imemshinda, akatueleza kwamba sauti ni nyepesi kuliko picha, ikikaa sana inapanda juu, kwa hiyo tuipindue kompyuta. Tukaipindua kweli, watu wazima na mvi zetu.

Nikachoka. Nikamuuliza Injinia alizifanya nini hasa. Akazungukazunguka, mwisho akatapika yote: video zilikuwa nzito, zinakwamakwama, akazibana upya ziwe nyepesi. Hakusikiliza hata moja. Zile za asili, zenye sauti, akazifuta, apate nafasi ya kuweka mechi zake.

— Mechi, — Fundi akarudia, polepole. Afadhali angempiga.

Ndipo binti akaja kuchukua kompyuta yake. Akatuamkia wote, akainama kumtazama mama yake kwenye kioo cha kompyuta.

— Baba, si wewe uliyekuwa unarekodi? Hapa mama alikuwa anakwambia nini?

Tukamtazama Fundi. Akafuta kioo kwa mkono wa shati.

— Sijui, mama. Nilikuwa nahangaika na mwanga.

Injinia akainua kikombe chake, akanywa. Kilikuwa kitupu tangu zamani.