Mzee Otto na Ukurasa wa 63

Alhamisi, tarehe 14 Agosti 2025, Mzee Otto Luambano anatimiza umri wa miaka sitini, na siku hiyohiyo anastaafu baada ya kuitumikia Maktaba ya Jamii Majengo kwa miaka thelathini na sita na miezi minne. Wapo wasomaji wetu waliomkuta hapa wakiwa darasa la tatu, na leo wanawaleta watoto wao wamsalimie. Wengi bado wanamwogopa kidogo, hasa wale waliowahi kukunja pembe ya ukurasa.

Aliajiriwa Aprili 1989 kama mhudumu. Kazi yake ilikuwa kufuta vumbi kwenye rafu na kufunga madirisha mvua inapokaribia. Waliokuwapo wakati ule wanasema alifuta kitabu kimoja kwa nusu saa, kwa sababu alikuwa anakisoma. Mwaka 1994 uongozi ulimpeleka Bagamoyo kusomea ukutubi, na alirudi na cheti pamoja na tabia mpya: kila aliyeingia mlangoni alimuuliza kama nyumbani kwake kuna kitabu cha zamani ambacho panya hawajakimaliza.

Hivyo ndivyo Chumba cha Historia ya Mji kilivyoanza. Vitabu vya jubilei za parokia vililetwa, vikafuata vitabu vya nyimbo vyenye majina ya wanakwaya kwa penseli, kadi za harusi, kalenda za chama cha ushirika na daftari la timu ya mpira iliyovunjika kabla sijazaliwa. Mzee Otto alivipokea vyote kwa mikono miwili. Alipoulizwa kadi ya harusi ina faida gani, alijibu kwamba mtu akitaka kujua Songea ilikula nini mwaka 1971, ilivaa nini na ilimwalika nani, aanzie hapo.

Mwaka 1998 mpigapicha maarufu wa Majengo, mzee Abdulswamadu, alifunga studio yake kwa sababu ya macho. Alimwita Otto akamkabidhi masanduku kumi na tisa ya picha na negativu. Watu wa mji huu walikuwamo humo kuanzia mwaka 1962: maharusi, vijana wanaokwenda jeshini, watoto wa Idi na wa Krismasi, wote wamesimama mbele ya pazia moja lililochorwa ziwa. Ni Mzee Otto aliyegundua kwamba studio ilikuwa na koti moja la kijivu la kuazima. Alilitambua kwa kifungo cha pili kilichokosekana. Mpaka leo amewahesabu wanaume arobaini na mmoja waliolivaa, akiwamo baba mkwe wake, ambaye kwa miaka mingi aliieleza familia kwamba koti lile alilishonesha Dar es Salaam.

Picha zilikuwa nyingi, lakini majina hayakuwapo. Kwa hiyo mwaka 2003 alianzisha utaratibu tuliouzoea wote, Alhamisi ya Majina. Kila Alhamisi mchana picha thelathini ziliwekwa mezani, chai ikachemshwa, na wazee wa mji wakaja kutambua nyuso. Kanuni yake ilikuwa moja: jina haliandikwi kwa wino mpaka watu wawili walitaje, kila mmoja peke yake, bila kumsikia mwenzake. Kwa njia hiyo nyuso zaidi ya elfu nne zilipata majina, na mwaka 2022 matunda yake yalichapwa kuwa kitabu, "Majengo Yetu kwa Picha". Nakala mia sita zilifika kutoka Dar es Salaam, na uzinduzi ukapangwa tarehe 8 Oktoba.

Sasa niseme habari ya ukurasa wa 63. Mzee Otto aliniomba nisiifiche.

Ukurasa huo una picha ya timu ya netiboli ya Majengo ya mwaka 1977, wasichana saba wenye viatu vya raba. Siku kumi na moja kabla ya uzinduzi niliupiga picha kwa simu nikaurusha kwenye makundi ya WhatsApp ili kukitangaza kitabu. Kesho yake saa nne asubuhi simu ya ofisini ililia, Mzee Otto akaipokea, akaweka spika kama kawaida yake.

"Shikamoo mzee. Naitwa Abdulhamid Kassimu, napiga kutoka Nakapanya, Tunduru. Kuna picha mmeirusha, wa tatu kutoka kushoto mmeandika ni marehemu Mwamvua Chitete. Huyo ni mama yangu. Yuko hapa nje anapepeta mchele."

Mzee Otto aliomba radhi pale pale, lakini Abdulhamid alikuwa na zaidi. Picha ilikuwa imezunguka vijiji vitatu. Asubuhi ile watu wawili walikuwa wamefika na mkeka kuhani msiba. Baba yake mdogo alikuwa amekasirika na alikuwa anatafuta mwanasheria. Simu ilipokatika, Mzee Otto alivua miwani akaketi. Sijawahi kumwona akikaa namna ile, kama mtu aliyeambiwa nyumba yake imeungua.

Kosa lilitokea hivi. Mwamvua aliolewa na Kassimu, mfanyabiashara wa korosho, mwaka 1980 akahamia Tunduru. Mwaka 1983 msafiri mmoja alileta habari Songea kwamba Mwamvua, mke wa Kassimu, amefariki wakati wa kujifungua. Aliyefariki alikuwa Mwamvua mwingine, mke wa Kassimu mwingine. Hapa Majengo walisoma hitima na kulia. Bi. Asma Mkwanda, rafiki yake wa damu na mchezaji mwenzake, ndiye aliyetuambia jina lake na kwamba ni marehemu, na kaka yake Asma, aliyekuja wiki nyingine, alisema hivyohivyo. Watu wawili, kila mmoja peke yake. Kanuni ilikuwa imefuatwa, na bado tulikuwa tumemwandika mtu aliye hai miongoni mwa wafu.

Mzee Otto hakusubiri kuitwa. Aliandika barua akaipeleka kwa mkuu wetu, Bi. Adela Haule, akisema kosa ni lake na yuko tayari kuondolewa kwenye chumba cha historia. Bi. Adela hakuifungua. Alimwambia, "Nenda kwanza Tunduru. Hii nitaisoma ukirudi."

Katika kamati ya uzinduzi wapo waliosema ni neno moja tu kwenye kurasa mia na themanini, litapita. Mzee Otto kwa kawaida hapandishi sauti, na siku hiyo pia hakuipandisha. Alisema, "Huyu mama yuko hai. Hatuwezi kumzika kwa sababu kadi za mwaliko zimeshagawiwa."

Tulipanda basi la alfajiri, yeye na mimi, kwa kuwa aliyeirusha picha nilikuwa mimi. Alibeba kitabu kimoja ndani ya bahasha na kukipakata njia nzima. Tulipoipita Namtumbo alinigeukia. Aliniuliza, "Calvin, nikifika pale, naanzia wapi?" Nikamnunulia karanga. Hakuzila.

Nyumbani kwa Bi. Mwamvua tulikuta jamaa wameketi barazani, na baba mdogo katikati, amekunja uso. Tuliamkia, tukaitikiwa kwa upole wa mbali. Kisha mama mmoja mrefu, mwenye kanga ya kijani, akatoka ndani.

"Shikamoo mama," Mzee Otto alisema.

"Marahaba. Ndiyo wewe uliyeniua?"

Mzee Otto alisema ndiyo, ni yeye. Hakutaja kanuni yake wala mashahidi wawili. Alisema ameandika jambo ambalo hakulifuatilia mpaka mwisho, kwamba limemletea yeye na watoto wake fadhaa, na kwamba amekuja kusikiliza anachotaka kifanyike. Kisha akampa kitabu.

Bi. Mwamvua alivaa miwani ya mwanawe. Aliitazama picha muda mrefu, na kidole chake hakikwenda kwenye uso wake mwenyewe. Kilienda kwa msichana aliyesimama pembeni yake.

"Huyu Asma. Bado yupo?"

"Yupo, mama. Yeye ndiye aliyetuambia umefariki. Alilia alipolitaja jina lako."

Hapo Bi. Mwamvua aliketi chini kwenye mkeka. Alitueleza kwamba baada ya kuolewa alimwandikia Asma barua nne, kwa anwani ya shule waliyosoma wote, na hakujibiwa hata moja. Aliamini rafiki yake amemtupa kwa sababu ameolewa mbali. Miaka thelathini na tisa mmoja alimhesabu mwenzake kuwa amekufa, na mwenzake akamhesabu yeye kuwa amemsahau.

Mzee Otto aliomba ruhusa kwa baba mdogo, akapiga simu Songea. Bi. Asma hakusadiki. Alidhani ni matapeli wa mtandaoni. Alisema, "Kama wewe ni Mwamvua, tulipocheza na Mbinga nani alivunjika kidole?"

"Wewe. Cha mkono wa kushoto. Ukasingizia nimekukanyaga."

Tukasikia Bi. Asma akisema, "Ulinikanyaga kweli," na wote wawili wakaanza kulia. Abdulhamid alitoka nje. Baba mdogo alijipangusa uso kwa kofia yake na kumwuliza Mzee Otto kama amekula.

Masharti tuliyopewa yalikuwa mepesi kuliko tulivyostahili. Bi. Mwamvua hakutaka jina lake likatwe kwa kalamu. Alisema hataki kuonekana amefutwa. Alitaka iandikwe upya, vizuri. Tena akatuonyesha kosa jingine ambalo hakuna aliyeliona: msichana wa tano hakuwa Saada kama tulivyoandika, alikuwa pacha wake, Sabra. Mzee Otto alitoa daftari na kuandika palepale mkekani. Kwenye basi la kurudi alikula karanga zote, zake na zangu, na kabla hatujafika Namtumbo alikuwa ameanza kunisimulia habari za koti la kijivu, ambazo nilishazisikia mara nyingi. Nilifurahi kuzisikia tena.

Tulichapa vikaratasi mia sita. Kwa siku nne wafanyakazi wote, Bi. Adela akiwa wa kwanza, tulikaa kwenye meza ndefu tukibandika. Gundi ilipotuishia, mama muuza chai wa jirani alitupikia uji mzito wa muhogo, ukashika kuliko gundi yenyewe. Kikaratasi, ambacho pia kina jina la Sabra, kinasema: "Mwamvua Chitete, mfungaji. Anaishi Nakapanya, Tunduru." Ile barua Mzee Otto alirudishiwa ikiwa bado imefungwa.

Siku ya uzinduzi Bi. Mwamvua alikuja na familia yake. Bi. Asma alikuwa amekaa getini tangu saa moja asubuhi. Sitasimulia walivyokutana, kwa sababu wengi mlikuwapo, na sisi ambao kazi yetu ni kuhifadhi picha hatukupiga hata moja, tulisahau. Ninachokumbuka ni kwamba hotuba ya mgeni rasmi ilikatizwa mara mbili na akina mama wawili wa mstari wa mbele waliokuwa wakibishana kuhusu magoli ya mwaka 1977. Mzee Otto alisimama nyuma ya ukumbi, mikono kifuani, akipumua kama mtu aliyetua mzigo mlimani.

Mtu mwingine angeishia hapo. Yeye alifungua orodha ya watu wote tuliowaandika marehemu katika chumba cha historia, mia mbili na kumi na mmoja, akasema kila mmoja lazima athibitishwe na ndugu au kaburi. Alifanya kazi hiyo Jumamosi zake, kwa baiskeli, kwa bodaboda na kwa simu. Alikwenda Peramiho, Mbinga na Namtumbo. Watu walimzoea, wakawa wanamwita mkaguzi wa makaburi. Jina la mwisho lilithibitishwa Mei mwaka huu, na toleo la pili la kitabu liko mitamboni bila kikaratasi hata kimoja. Picha zote zimenakiliwa na kuhifadhiwa mahali patatu. Anayeshika chumba baada yake atapokea rafu zenye lebo, daftari la majina na kanuni mbili badala ya moja.

Tumefanya naye kazi kwa raha. Alikuwa mkali kwa anayekula juu ya kitabu, na mwepesi wa kukupa nusu ya chakula chake mradi ukile nje. Hakuwahi kumcheka mzee aliyesahau jina. Alimwambia aje Alhamisi nyingine, na wengi walirudi wakiwa wamelikumbuka.

Wiki iliyopita, akiwa kwenye likizo yake ya mwisho, mkewe, Mama Hilda, alimpigia simu Bi. Adela kwa wasiwasi. Alisema mumewe, ambaye tangu waoane huamka saa kumi na moja alfajiri, siku ile mpaka saa tatu asubuhi alikuwa bado kitandani, anakoroma. Aliuliza kama kuna jambo limempata kazini ambalo anamficha. Bi. Adela alimjibu kwamba hakuna. Kazi imekwisha, na imekwisha vizuri.

Mzee Otto, asante kwa kila uso uliourudishia jina lake. Tunakuombea afya, mvua za kutosha shambani kwako, na siku nyingi zisizo na saa ya kuripoti. Mama Hilda, usimwamshe.

Calvin Ndunguru
Kwa niaba ya wafanyakazi wa Maktaba ya Jamii Majengo, Songea