Mashimo ya Askale

Kabla sijamsalimu mtu, nauliza: ni mwerevu gani aliyepanga viti vya wanaume huku mbele, penye nyasi laini, na mikeka ya wanawake kule nyuma ya jenereta, moshi uwaingie puani? Leo tunafungua mashine ya kuparua enseti, migomba yetu isiyozaa ndizi, na walioparua enseti maisha yao yote wanaifungulia huko nyuma wakikohoa! Degefu, usimtazame mwenzako. Nakuuliza wewe, mwenyekiti, na kwa kuwa mimi ndiye niliyekuzaa sina haja ya kukuuliza kwa adabu. Zimeni kwanza hicho kitu kinachonguruma. Naam. Akina mama, sogeeni mbele. Na ninyi mliokaa, rudisheni miguu, watu wanapita.

Haya. Mheshimiwa Mkuu wa Wilaya. Abba Welde, padri wetu, uliyeubariki mlango huu kwa msalaba wako. Wazee wa jefore, uwanja wetu huu, mnaokata kesi zetu juu ya nyasi hizi. Dada zetu wageni mliofunga safari kutoka Sidama. Wanangu mliorudi kutoka Addis Ababa kula sikukuu ya Meskel na mama zenu. Na ninyi wanawake wenzangu, ambao nimewataja mwisho kwa sababu ndivyo nilivyofunzwa kupanga, ingawa moyoni mwangu hampo mwisho: amani iwe kwenu.

Kamati iliniambia, "Mama Zenebech, wewe utabariki kwa maneno mawili tu, halafu ukae, maana kitfo itapoa." Tangu lini nyama mbichi ikapoa? Ingojeni.

Nisiseme uongo mbele ya padri: mashine hii naisifu. Nyonga yangu ya kushoto imepinda, na aliyeipinda ni enseti. Miaka hamsini nimekaa juu ya majani, mguu mmoja chini na mwingine nimeuinua juu ya ubao, kisigino kimelishika jani nene lisiteleze, mikono miwili inashuka na kipande cha mwanzi, inaparua, inapanda, inashuka tena. Maji yake yanaruka machoni. Mgongo unawaka. Niliparua nikiwa na mimba ya Degefu ya miezi minane, na siku ya tatu baada ya kumzaa nilikuwa natamani kurudi, kwa sababu nyumbani hapakuwa na wa kuongea naye. Kwa hiyo msichana atakayeniambia leo, "Bibi, mimi siparui, nakwenda shule," nitamjibu, nenda, tena kimbia, na usigeuke nyuma.

Lakini mimi nimegeuka nyuma, kwa sababu ni mzee na huko ndiko waliko watu wangu.

Mnakumbuka, ninyi wa rika langu? Mvua zimekatika, umande bado uko kwenye majani, tunaingia migombani wanawake saba au wanane, leo kwa huyu, kesho kwa yule. Tukishaingia, mwanamume hakanyagi. Hiyo ilikuwa sheria, na haikuandikwa na mzee yeyote. Siku moja marehemu mume wangu, Shibru, alijipenyeza akisema anatafuta ndama. Jirani yetu mmoja, ulimi wake ulikuwa kama kiwembe, akamwambia bila kuinua macho, "Baba, ndama wako hajajificha ndani ya magauni yetu. Labda utafute ndani ya suruali yako." Tukamrushia makapi mpaka akatoka mbio na shuka lake limeloa. Wiki nzima hakuthubutu kupita penye kundi la wanawake.

Mle ndani tulicheka, tuliimba, tulilia. Nani amepigwa, tulijua mle. Nani amejifungua na hana siagi, tulijua mle, na jioni siagi ilikuwa mlangoni kwake. Wazee wa jefore, samahanini, mlidhani ninyi ndio mnaokata kesi. Kesi nyingine ilikuwa imekatwa juzi yake migombani, na mkeo akakuletea uamuzi pamoja na kahawa, ukaunywa ukidhani ni wako. Mnacheka? Mzee Habte, wewe usicheke, wewe ulikunywa mara nyingi kuliko wote.

Mambo hayo yamekwenda, na mengine yaende salama. Lakini kuna jambo moja ambalo halikuwa la kicheko. Nalo ni shimo.

Mwanamume alipanda enseti, akaihamisha, akaikata. Lakini kilichoparuliwa kikishafukiwa shimoni, kikafunikwa majani na mawe, kikachachuka mwezi baada ya mwezi, hicho kilikuwa cha mwanamke. Kocho yake, unga uliochachuka wa mkate wetu. Mume akitaka mkate, aliomba. Akitaka kumpa ndugu yake, aliomba. Mwanamke mwenye shimo hakufukuzwa nyumbani hovyo, kwa sababu angekwenda na funguo za matumbo ya watu wote.

Mwaka wa tatu wa ndoa yangu Shibru alimtamani nyumbu. Alimwona sokoni, akarudi hana usingizi, kama mtu aliyeona mchumba. Akaniambia, "Zenebech, fungua shimo kubwa. Nitatoa kocho yote, nimpate yule nyumbu kabla hajanunuliwa." Mimi nilikuwa mtoto tu, sijui kukataa. Nikashika jembe. Ndipo mama mkwe wangu, Birke, Mungu amlaze pema, akatoka ndani na kigoda chake, akakiweka juu ya mawe ya shimo langu, akakaa.

Shibru akasema, "Mama, ondoka, unanichelewesha."

"Unakwenda wapi?"

"Sokoni. Nyumbu."

"Nenda. Njia ni ile. Shimo halina miguu, halikufuati."

"Mama, enseti nilipanda mimi!"

"Ulipanda. Na mimi nilikuzaa, je, naweza kukuuza?"

Alikaa pale mpaka soko likavunjika. Mimi akanigeukia, akanipa maneno yangu: "Na wewe, mjinga mkubwa, siku nyingine akikwambia fungua, muulize tutakula nini. Mume unaweza kumpenda na shimo ukalifunga, yote mawili kwa siku moja." Mwaka uliofuata mvua hazikuja. Ng'ombe walikufa wamesimama. Shimo lile lilitulisha sisi na nyumba nyingine tatu, na Shibru alikula, kila tonge akilitazama. Hakumtaja tena nyumbu mpaka anakufa.

Sasa nakuja kwako, Degefu mwanangu.

Watu wangu, huyu mwacheni nimsifu kwanza. Aliondoka hapa na sanduku la kung'arisha viatu, leo ana duka Addis Ababa. Nilikaa kwake mwaka mzima. Nilimwona kwa macho yangu akiosha vyombo, akimbeba mtoto mgongoni mkewe akiwa kazini. Nilipomwona hivyo niliona aibu siku mbili, siku ya tatu nikaona fahari. Baba yake hakuwahi kushika hata kikombe kichafu. Ni yeye aliyewachangisha wenzake, ni yeye aliyeileta mashine hii, na akasema mbele ya watu, "Mama yangu alipinda nyonga, wake zetu wasipinde." Nililia. Nani asingelia?

Basi mtu anayeosha vyombo huko mjini, ikawaje akifika kwao anakuwa baba yake?

Maana mmejenga mashine, halafu pembeni yake mmejenga birika la saruji, mkaliwekea kufuli. Mmetangaza kwamba keshokutwa kila nyumba ilete kocho iliyokomaa, mashimo yote yamwagwe ndani ya birika ili kocho mpya ichachuke vizuri, na kuanzia hapo anayetaka mkate aje apimiwe. Na kila nyumba mmeiandika kwa jina la mwanamume wake. Nani aliwaambia mashimo ni ya wanaume? Mmeyafungua lini, mkayafunika lini?

Juzi nilikaa na mgeni wetu huyu kutoka Sidama, tukinywa kahawa. Nikamwuliza, kwenu mashine ilikujaje? Akasema, "Mama, ilikuja na ngoma. Mwaka wa kwanza tulipumzika mgongo, tukashukuru. Mwaka wa pili nikawa naomba unga wa nyumba yangu kwa kijana niliyempokea kwa mikono yangu alipozaliwa." Akacheka. Mimi sikucheka.

Na sasa nitasema neno ambalo nimelimeza Meskel nne. Askale, mke wa mwanangu mdogo, yuko pale kwenye mkeka, amejifunika shuka. Ana mashimo matano. Aliyaparua peke yake, usiku ukimkuta kwa mtoto na mchana ukimkuta migombani. Mume wake, Tirfe, hajarudi Meskel nne. Watu wanasema ana kazi nyingi. Tirfe ana mke mwingine mjini, na ana mtoto, na kila mtu hapa anajua, isipokuwa mimi mamake niliyejifanya sijui, kwa sababu aibu ya mtoto humjaa mama mdomoni. Leo nimeitema.

Nyumba ya Askale mmeiandika kwa jina la nani? La Degefu, shemeji yake. Degefu ananiambia, "Mama, ni utaratibu tu, lazima kuwe na mkuu wa nyumba." Utaratibu! Mashimo matano yakishaingia birikani kwa jina lako, Tirfe akaja siku moja na yule mwanamke wake akisema, "Nyumba ni yangu, Askale arudi kwao," Askale atasimama juu ya nini? Atawaonyesha nini wazee wa jefore, viganja vyake?

Jana nilimwuliza, "Mwanangu, utapeleka?" Akanijibu taratibu, "Mama, nikikataa watasema napinga maendeleo. Nikipeleka, sijui nitakuwa nani." Mheshimiwa, wewe umesoma, mimi sikusoma. Lakini hata mimi najua kwamba maendeleo hayamfanyi mtu asijue yeye ni nani.

Mashine ibaki. Vijana wa kiume waparue, tena waloe machoni kama sisi, nitakuja niwatazame nikifurahi. Birika nalo libaki, lijazwe na anayetaka. Ila shimo ni la aliyelijaza.

Nimewachosha, na mmevumilia kunisikia mpaka hapa. Mungu awalipe kwa masikio yenu. Sasa, karani, fungua daftari, ufute jina la mwanangu kwenye nyumba isiyo yake, uandike Askale. Degefu, chukua ufunguo wa kufuli mkononi, nenda mpaka kwenye ule mkeka, piga goti kama unavyopiga kwangu, umwulize shemeji yako kwa sauti, Mheshimiwa asikie na wazee wasikie: ataleta au hataleta? Akikataa, keshokutwa asiguse mtu jiwe la shimo lolote katika kijiji hiki. Na mashine isiwashwe mpaka ajibu.

Nenda.