Siku Nyaishozi Haikucheka

Kijiwe chetu kipo hapa njia panda ya Nyaishozi, mbele ya banda la Prudensia, kwenye benchi la kanisani lililostaafishwa likiwa na miguu mitatu. Wa nne ni tofali. Prudensia anauza kahawa ya kunywa, na kwa sisi wa siku zote anaweka kikapu kidogo cha amwani, kahawa ya kutafuna. Kikapu kikiisha, kikao kimeisha. Leo tulikaa tangu saa tatu asubuhi na ubishi haukuwa na ladha, maana Jovitus Nuwamanya, mwandishi wa vichekesho vya televisheni na mtengeneza filamu, mtoto wa hapa hapa, alikuwa njiani kutoka Dar es Salaam ndani ya sanduku. Maziko saa nane. Ukoo ulitupa kazi moja tu: tuandike wasifu wake usomwe kaburini, na katekista angeupitia saa sita. Mwalimu mstaafu Cassian, tunayemwita Rula, alikuwa na karatasi mapajani. Ilikuwa na mistari minne, na mimi roho ilikuwa inaniuma kwa sababu ambayo nitaisema.

Rula: Nimeandika kazaliwa, kabatizwa, kasoma hapa, kaenda Dar. Haya, baada ya hapo?

Dishi: Andika "Shemeji Hajaondoka". Miaka tisa, kila Alhamisi! Kile kipindi kiliandikwa na mkono wa Jovitus, sio wa mwingine.

Dishi jina lake ni Elipidius. Alikuwa na kibanda cha video enzi hizo, na mpaka leo anaongelea televisheni kama mtu aliyeizaa.

Dishi: Kibanda kilijaa mpaka watu wanakalia betri. Namwambia mtu ondoka hapo utakufa, ananijibu subiri kwanza shemeji amalize kula.

Prudensia: Alianza kwa kubeba nyaya za kamera, alinieleza mwenyewe akiwa amekaa hapo hapo ulipo. Siku moja mchekeshaji kasahau maneno yake. Jovitus kamnong'oneza mengine, watu wakavunjika mbavu. Kesho yake wakamwambia weka nyaya chini, shika kalamu.

Rula: "...akashika kalamu." Vizuri. Halafu akatengeneza filamu. Halafu?

Hapo kila mtu alikumbuka kwamba ana punje ya amwani ya kutafuna.

Rula: Jamani, miaka sita ya mwisho mtu huyu alifanya nini? Siwezi kuruka miaka sita. Watu watauliza.

Dishi: Hakufanya kitu. Walimtoa. Siku hizi wanataka vijana wa kwenye simu. Mtu anacheka sekunde kumi, anahamia kwa mwingine.

Prudensia: Wewe muongo. Walimfuata mpaka nyumbani wakimbembeleza. Shangazi yake alikuwepo. Akawaambia, mimi sichekeshi, mlikosea mtu.

Injinia: Nyie wote hamjui mambo ya mitambo.

Huyu ni Anastazi, fundi pikipiki. Haamini kwamba kitu chochote duniani kinaharibika chenyewe.

Injinia: Kile kicheko cha kwenye tivii, unamsikia mtu kasema neno, kicheko hichoo, na watu huwaoni. Kinatoka wapi?

Dishi: Kimerekodiwa.

Injinia: Kimerekodiwa kwa nani? Lazima kivunwe mahali! Siku ile alipoleta filamu hapa, si kulikuwa na kimashine cheusi mezani kinawaka taa nyekundu? Kile kilikuwa kinanyonya. Kicheko kilitutoka kifuani, kabla hakijafika mdomoni kikavutwa. Ndio maana tulikaa kimya. Mpaka leo ukisikia tivii inacheka, hao ni sisi, Nyaishozi nzima, tumo mle.

Siku nyingine tungemzomea mpaka avae kofia yake aondoke. Leo Prudensia alimtazama tu kwa huruma, kwa sababu afadhali hata uongo wa Injinia kuliko ukweli tuliokuwa nao.

Rula: Acha, Anastazi. Hakuna aliyetunyonya. Tulikaa kimya wenyewe.

Ngoja nieleze, maana msomaji hukuwepo. Filamu yenyewe iliitwa "Ng'ombe wa Mahari Karudi". Aliipigia hapa hapa, na mchekeshaji mkuu alikuwa jirani yetu, Mzee Byaruhanga, mfugaji ambaye hata simu hakuwahi kuigusa. Baba wa bibi harusi, ndiye yeye, kapokea ng'ombe wa mahari, na ng'ombe kila asubuhi anarudi kwa bwana harusi kwa miguu yake. Jovitus akaenda Dar kuikata na kuiunga. Akiwa huko, Mzee Byaruhanga akaugua siku tatu akafa. Tukamzika. Wiki mbili baadaye Jovitus akaja na projekta ya kuazima. Ukumbi wa parokia, saa kumi jioni, madirisha tumeyaziba kwa mablanketi. Na mstari wa mbele, katikati, amekaa mjane, Komujuni, na nguo zake za msiba.

Sasa wewe ungecheka? Mzee yuko ukutani, mkubwa kama nyumba, anambembeleza ng'ombe, na mke wake anamwangalia. Watu walijiuma midomo. Mimi niling'ata kofia. Saa nzima na nusu, watu mia tatu, hata kikohozi hakuna. Na Jovitus amesimama nyuma ya ukumbi.

Hakujua. Hapo ndipo kosa letu lilipo. Kwetu mtu aliyetoka safari humpigi na habari ya msiba akiwa na vumbi miguuni. Anakaribishwa, anakula, analala, asubuhi anakula tena, ndipo mtu mmoja aliyechaguliwa anamkalisha chini na kumweleza taratibu; mwingine yeyote, hata mama, hasemi. Alipouliza Mzee Byaruhanga yuko wapi, tulimjibu kwamba amepumzika kidogo. Asubuhi ebitoke, ndizi zetu za kupika, vikiwa bado jikoni, Jovitus alikuwa ameshapanda gari la kwanza.

Hatukumwona tena.

Rula: Niandike hayo?

Prudensia: Mbele ya mama yake? Wewe mwalimu una moyo gani?

Hapo akafika binti mmoja aliyefunga kanga nyeusi kiunoni, bahasha kubwa kwapani. Alikuwa ametangulia na basi.

— Shikamooni.

— Marahaba, waitu, mtu wetu. Karibu.

— Mimi Joanitha, wa Jovitus. Nimeambiwa wasifu wa baba mnauandika nyinyi.

Tulisimama wote, benchi likayumba. Prudensia akampa kikombe na kumsukumia kikapu. Binti akachukua punje moja, akaitafuna kwa adabu, uso ukamkunjika kwa uchungu wake, lakini hakuitema.

Joanitha: Nimeleta kitu, baba zangu, labda kitawasaidia. Baba alikuwa na utaratibu. Kila alipoonyesha kazi yake alisimama nyuma na karatasi zenye maneno ya filamu. Watu wakicheka, anapiga kistari pembeni, palepale walipocheka. Hii ni ya filamu ya ng'ombe, alipoionyesha Mwanza akiwa njiani kuja huku.

Pembeni mwa karatasi ya Mwanza palikuwa na vistari vingi, vingine vinne vinne.

Joanitha: Na hii ni ya hapa.

Ilikuwa na tarehe juu na neno Nyaishozi. Kurasa themanini na mbili, pembeni peupe. Rula alizipekua zote, polepole, akitafuta hata kimoja.

Joanitha: Nilimwambia, baba, Mwanza walicheka. Akasema Mwanza ni wageni, wanacheka kwa adabu, mimi niliwaandikia wenye ng'ombe. Kama wao hawakuona cha kuchekesha, basi hakikuwepo. Sukari ilipomzidi alikataa hata kutazama tivii. Kwa hiyo nimekuja kuwauliza kabla hatujamzika. Haikuchekesha kweli?

Dishi: Haikuchekesha? Mama, fungua ukurasa wa ofisi ya kijiji!

Injinia: Pale mzee anamshika ng'ombe sikio! "Hebu waeleze mwenyewe, ulikuja kwa miguu yako au ulitekwa?"

Prudensia: Na pale anamwambia mkwe wake, "Binti yangu kakubali kukaa kwako, ng'ombe wako kakataa kukaa kwangu. Hapa nani kaolewa vizuri?" Mimi siku ile nilifika nyumbani nikacheka mpaka nikalala chini. Mume wangu alidhani ni malaria!

Dishi: Hapa tunaisema kila siku! Mtu akichelewa kikao tunamuuliza, ulitekwa? Siku ile tulijizuia tu, mzee tumemzika, mjane kakaa mbele, na baba yako hajaambiwa. Hata Komujuni mwenyewe, baada ya kuondoa tanga, alitucheka. Akasema mngecheka tu, ningefurahi, mzee angefurahi.

Binti alikuwa ametoa kalamu. Kila walipotaja mahali, alitafuta ukurasa akapiga kistari pembeni. Kimoja, viwili, vinne vinne. Nao wakazidi kukumbuka, wakainuka, wakaigiza, Injinia akawa ng'ombe, Dishi akawa mzee, na kicheko cha miaka sita kikawatoka palepale njia panda, machozi yanawatiririka, wapita njia wanatushangaa siku ya msiba. Joanitha naye alicheka. Ana kicheko cha baba yake, kile cha kuanza kimya.

Halafu kalamu ikasimama.

Joanitha: Kwa hiyo miaka sita yote mlikuwa mnacheka.

Prudensia: Yote, mwanangu.

Joanitha: Na simu yake mlikuwa nayo?

Dishi: Tulikuwa nayo.

Joanitha: Nani alitakiwa kumwambia?

Injinia alirudi kukaa, akawa mtu tena. Dishi alitazama barabara. Prudensia aliingiza mkono kwenye kikapu ili mkono uwe na kazi, ukatoka mtupu.

Ni mimi. Mimi ndiye niliyechaguliwa. Mimi Sindano, fundi cherehani, rafiki yake tangu darasa la kwanza. Asubuhi ile nilikuwa nimekaa jikoni kwa mama yake nasubiri ebitoke viive, maneno yote nimeyapanga kichwani. Baadaye nilijiambia habari ya kifo haisemwi kwenye simu, atarudi, nitamkalisha chini, nitamweleza taratibu. Krismasi ya kwanza nikasema atakuja. Ya pili nikasema atakuja. Nilifuata desturi mpaka nikamuua rafiki yangu kwa adabu.

Niligeuka nimjibu binti yake.

Kutoka upande wa Bweranyange tukasikia honi ya gari, ndefu, ile ya msafara wa msiba. Watu walianza kutoka madukani na kuvua kofia. Rula alikunja kurasa themanini na mbili akamrudishia Joanitha kwa mikono miwili. Kisha, bila kunitazama, akaniwekea mapajani karatasi yake yenye wasifu, miaka sita bado wazi, na kalamu juu yake.